Mabasi makubwa, bodaboda za umeme au ukaguzi wa moshi: Mwanza ianze na lipi?

Darasa ninalofundisha linatazama Barabara ya Nyerere, upande wa Mabatini. Watoto wa zamu hufuta madirisha kila Jumatatu, na ikifika Ijumaa kitambaa kinatoka cheusi tii. Wageni hudhani ni vumbi. Vumbi letu ni la kahawia, ukilipuliza linaondoka. Hili linanata kidoleni, lina mafutamafuta, na ukilinusa unajua limetoka wapi: ni masizi ya dizeli. Na hayo ni yale yaliyonasa kwenye kioo. Mengine yameshaingia vifuani mwa watoto waliomo ndani, na wapo miongoni mwao wanaokuja shuleni na dawa ya kuvuta ya pumu mfukoni.

Nilipolisema jambo hili kwenye kikao cha mtaa, mzee mmoja tunayemheshimu aliniuliza: “Mwalimu, tumekuelewa. Sasa mji ukipata fedha ya kufanya jambo moja, uanze na lipi?” Nikajibu kwamba yote yafanyike kwa pamoja. Watu wakanyamaza, kisha wakahamia kwenye ajenda ya taka. Walikuwa na haki, maana anayetaka yote kwa mkupuo hajamsaidia mtu kuchagua. Haya ninayoandika ndiyo majibu niliyopaswa kumpa mzee yule, na nayaandika kwa ajili yake, kwa madiwani wetu wa Nyamagana na Ilemela, na kwa yeyote atakayeulizwa swali hilohilo.

Kwanza niondoe wasiwasi mmoja. Wapo wanaosema moshi wa magari hauna dawa, umaskini ndio umetuletea magari mabovu, basi tuvumilie. Historia yetu wenyewe inawakatalia. Miaka ya nyuma petroli yetu ilikuwa na madini ya risasi, sumu inayodumaza akili ya mtoto. Kufikia mwaka 2006 ilikuwa imeondolewa katika nchi za Afrika kusini mwa Sahara, Tanzania ikiwemo. Kuanzia Januari 2015 nchi za Afrika Mashariki zikakubaliana kwamba dizeli iwe na salfa isiyozidi sehemu 50 kwa milioni. Katikati hapo tulikuwa na balaa la uchakachuaji, watu wakichanganya mafuta ya taa kwenye dizeli kwa sababu mafuta ya taa yalikuwa na kodi ndogo. Mwaka 2010 EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, ikaanza kuweka vinasaba kwenye mafuta, yaani alama ya siri ya kutambua yaliyochanganywa, na mwaka 2011 kodi ya mafuta ya taa ikapandishwa hadi faida ya kuchanganya ikayeyuka. Dereva wa daladala hakuhitaji semina hata moja. Alijaza tangi kama kawaida, na kilichotoka nyuma kikawa na sumu pungufu. Hiyo ndiyo sera ya umma ikifanya kazi yake.

Kilichobaki sasa kiko karibu nasi zaidi. Mafuta yamesafishwa, lakini injini, idadi ya magari na mpangilio wa barabara ni mambo ya mji.

Mji wa barabara tatu na milima mingi

Huwezi kulinganisha njia hizi bila kuitazama Mwanza ilivyokaa. Panda kilima cha Bugando utaona. Ziwa limebana upande mmoja, mawe yamebana upande mwingine, na katikati zimepenya barabara tatu. Ya Makongoro inakwenda Kirumba, Pasiansi hadi uwanja wa ndege. Ya Nyerere inapita hapa Mabatini, Buzuruga, Nyakato, Igoma, ikaelekea Kisesa na Musoma. Ya Kenyatta inashika Igogo, Mkuyuni, Butimba, Nyegezi, Buhongwa, ikatokea Usagara kuelekea Shinyanga. Karibu kila gari linalotaka katikati ya mji litapita moja ya hizo. Kisha juu ya mawe, Isamilo, Igogo na huku kwetu, kuna maelfu ya nyumba ambazo basi halitafika hata baada ya miaka hamsini.

Asubuhi, kabla upepo wa ziwa haujaamka, hewa huwa imetulia na moshi unakaa bondeni kati ya vilima. Ndiyo saa ya watoto kwenda shule. Mchana upepo unatoka ziwani na kuusukuma moshi uleule kupanda kwenye makazi ya mlimani.

Tangu Juni 2025 Daraja la Kigongo–Busisi limefunguliwa, kilomita 3 juu ya maji. Ni baraka kubwa kwa watu wa Sengerema na Geita. Ila malori yaliyokuwa yakisubiri kivuko sasa yanafika Usagara muda wowote, na yale yanayoingia mjini yanaingia kwa mkondo usiokatika. Yanayokwenda Musoma yanaweza kukatiza Usagara hadi Kisesa bila kugusa mji, na hapo kazi ni ndogo: alama za barabarani na askari wa kuzisimamia. Sijui tunasubiri nini.

Sasa njia tatu zenyewe.

Mabasi makubwa

Hili ndilo linalopendwa vikaoni, kwa sababu watu wamesafiri Dar es Salaam wakaona mwendokasi. Hesabu yake ni nzuri kweli. Haisi huketisha abiria 15 hivi, na konda akikaza wanafika 20. Basi la mita 12 hubeba 80, wa kukaa na wa kusimama. Kwa hiyo basi moja linaondoa barabarani haisi nne, na moshi mbaya wa daladala hautoki ikiwa kwenye mwendo. Unatoka pale inapowania abiria: inasimama, inaondoka kwa kasi, inasimama tena hatua ishirini mbele, injini ikinguruma huku mpiga debe anaita. Basi lenye ratiba na vituo vyake halina sababu ya kufanya hivyo. Na dereva anayelipwa mshahara, asiyekimbizana na hesabu ya bosi, anaendesha tofauti kabisa.

Mwanza ina faida moja ambayo Dar haina. Barabara zetu kuu ni tatu tu, hivyo njia za basi zimeshajichora zenyewe. Huhitaji ramani ya miaka mitano kujua abiria wako wapi.

Tatizo ni muda. Wazo la mwendokasi wa Dar lilianza mwanzoni mwa miaka ya 2000, ujenzi ukaanza 2012, na abiria wa kwanza wakapanda Mei 2016. Awamu ya kwanza ilikuwa kilomita 21. Mtoto aliyeanza darasa la kwanza wazo likizaliwa alikuwa ameshamaliza sekondari. Mwaka 2018 Dar ilipata tuzo ya kimataifa ya usafiri endelevu kwa kazi hiyo, na ilistahili. Lakini tuchukue na funzo lingine: karakana ya mabasi ilijengwa bonde la Jangwani, na mvua kubwa zikaifurikia. Sisi tunao Mto Mirongo, tunajua unavyofanya mvua za masika. Atakayependekeza karakana kando yake aoneshwe picha za Jangwani kwanza.

Jambo la pili ni aina ya basi. Ukinunua mabasi ya dizeli yaliyochoka ughaibuni, umekusanya moshi wa haisi nne ukautoa kwa bomba moja. Mabasi yenye vichujio vya kisasa vya masizi yanataka dizeli safi kuliko ya salfa 50, vinginevyo vichujio vinaziba na fundi anaving’oa. Kwa hiyo uchaguzi wa basi unaendana na mafuta yaliyopo kituoni, au uende kwenye umeme moja kwa moja.

Ipo namna ya kuanza bila kumwaga zege. Njia moja ya barabara ikatengwa kwa rangi kwa ajili ya mabasi tu, saa za asubuhi na jioni, pale penye upana. Kosta kubwa na mabasi yapewe kipaumbele, haisi zihamishiwe kwenye njia za kulisha: Igoma kwenda Kishiri, Buhongwa kwenda ndani, Pasiansi kwenda Igombe. LATRA, mamlaka ya usafiri wa ardhini, ndiyo inayotoa leseni za njia, kwa hiyo kalamu iko kwao, halmashauri zinaweza kuomba na kushauri. Wamiliki wa haisi lazima wakae mezani tangu siku ya kwanza. Haisi moja mara nyingi ndiyo mali pekee ya familia, imenunuliwa kwa kiinua mgongo cha baba. Ukimwambia mtu huyo “ondoka barabarani” bila kumwonesha pa kwenda, atakupinga, na mimi nitasimama upande wake.

Bodaboda za umeme

Milimani bodaboda ndiyo gari la wagonjwa, ndiyo lori la saruji, ndiyo basi la shule. Anayesema ziondolewe hajawahi kupanda Igogo na ndoo kichwani.

Kwa upande wa fedha, hoja ya umeme ni nzito. Pikipiki ya petroli inakula kama lita 2.5 kwa kilomita 100. Petroli ikiwa shilingi 3,000, hiyo ni 7,500. Pikipiki ya umeme kwa mwendo huohuo inakula kama yuniti 4. Bei ya yuniti kwa mtumiaji wa kawaida ni shilingi 292 kabla ya kodi, hivyo hata ukiongeza kodi na tozo hufiki 1,500. Kijana anayezunguka kilomita 100 kwa siku anabakiwa na hela ya kula na ya kutuma nyumbani. Mota ya umeme ina nguvu tangu inapoanza kuzunguka, jambo linalofaa milima yetu. Na umeme wenyewe si wa kuhamishia moshi mahali pengine tu: Bwawa la Julius Nyerere, megawati 2,115 kwa mitambo tisa, linaendeshwa na maji.

Rwanda wameamua kwa sheria: tangu Januari 2025, pikipiki mpya za biashara zinazosajiliwa Kigali ni za umeme pekee. Hawakuwanyang’anya watu pikipiki walizonazo, wamefunga mlango wa mpya za petroli. Ni njia ya upole, na naipenda.

Kikwazo ni bei ya kununulia, hasa betri. Vijana wetu wengi wanaendesha kwa mkataba, unapeleka hesabu kila siku kwa mwaka au zaidi ndipo pikipiki inakuwa yako. Mwenye pikipiki anataka kitu anachokijua, fundi wa kila kona anakiweza, na akikiuza kinanunuliwa. Pikipiki ya umeme bado haina soko hilo. Dawa iliyofanya kazi kwingine ni kutenganisha pikipiki na betri: dereva ananunua pikipiki bila betri, betri anaikodi na kuibadilisha kituoni kwa dakika chache. Hapo bei inashuka, ingawa gharama ya kubadilisha betri itapanda juu ya ile 1,500 niliyoitaja, maana mwenye betri naye anarudisha mtaji. Kituo kikiwa kimoja tu mjini, hakuna atakayethubutu. Viwe Buzuruga, Nyegezi, Kirumba na Igoma kwa kuanzia, kila kimoja kikiwa na betri za akiba za siku ambayo umeme umekatika.

Na hapa halmashauri ina fedha yake tayari. Asilimia 10 ya mapato ya ndani hutengwa kwa mikopo ya vikundi: 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana, 2 kwa watu wenye ulemavu. Kikundi cha vijana wa kijiwe kimoja kikikopeshwa pikipiki za umeme badala ya za petroli, mji umeanza safari bila kuomba shilingi ya ziada Dodoma. Hili lingeweza kufanyika mwaka huu wa fedha.

Lakini nirudi kwenye dirisha la darasa langu, maana nimejiahidi kusema kweli. Pikipiki za petroli tulizonazo nyingi ni za mipigo minne. Zinatoa kaboni monoksaidi, gesi ya sumu, na mvuke wa petroli usioungua, na dereva anavivuta kutwa nzima akiwa nyuma ya wenzake. Masizi meusi, hata hivyo, hazitoi kwa kiwango cha Fuso au haisi ya dizeli iliyochoka. Tungebadili bodaboda zote kesho, kitambaa cha Ijumaa kingetoka cheusi vilevile. Ndiyo sababu, pamoja na kuzipenda, sizipi nafasi ya kwanza.

Ukaguzi wa moshi na masega

Hili halina utepe wa kukata wala picha ya mheshimiwa. Nalipa nafasi ndefu kuliko mengine kwa sababu hiyohiyo: hakuna anayelipigia debe.

Kati ya magari mia yanayopita mbele ya shule, mengi hayakusumbui. Yako machache ambayo yakipita unafunga dirisha. Machache hayo ndiyo yanayobeba sehemu kubwa ya moshi, na fundi yeyote mzuri atakuambia ubovu wake kwa kutazama rangi. Moshi mweusi, dizeli inaingia nyingi kuliko hewa: nozeli zimechoka, kichujio cha hewa kimeziba, au pampu imechezewa ili gari lipate nguvu ya kupanda mlima na mzigo. Moshi wa bluu, injini inakula oili, ringi au sili za vali zimeisha. Moshi mweupe usiokoma injini ikishapata moto, maji yanaingia mahali yasipotakiwa. Kusafisha nozeli na kubadili kichujio ni kazi ya siku moja gereji, na mwenye gari anarudisha gharama yake kwenye mafuta anayookoa, kwa kuwa moshi mweusi ni dizeli aliyoinunua na haikuungua.

Kwa magari ya petroli kuna masega. Msomaji wa mjini ameona mabango: “Tunanunua masega.” Ni kile kifaa kilicho kwenye bomba la moshi, ndani kina vitundu kama sega la nyuki, kimepakwa platini, paladi na rodi. Kazi yake ni kugeuza gesi za sumu ziwe hewa isiyodhuru sana kabla hazijatoka. Kwa kuwa madini hayo ni ghali, kifaa kinang’olewa, kinauzwa, na mahali pake linachomelewa bomba tupu. Wengine wanaambiwa eti gari litakuwa jepesi. Wengine gari limekwenda gereji kwa kazi nyingine likarudi bila masega, na mwenyewe hajui hadi leo.

Hapa ndipo ninapoumia. Petroli yenye risasi inayaua masega, hivyo kuiondoa kulitufungulia mlango wa kuyatumia. Juhudi za nchi nzima, miaka ya mazungumzo, kodi, viwanda kubadilishwa, halafu faida yake inang’olewa kwa spana chini ya mwembe na kuuzwa kwa kilo.

Sheria zipo. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ni ya 2004, kanuni za viwango vya hewa zikafuata 2007, na Sheria ya Usalama Barabarani, Sura ya 168, inampa askari uwezo wa kuzuia gari bovu. Kinachokosekana ni kipimo. Leo trafiki anaangalia moshi kwa macho, na macho yanabishaniwa. Dereva atasema ni kwa sababu ya kilima, askari atasema ni mweusi, na mabishano yatamalizika kwa njia tunazozijua. Kifaa cha kupima weusi wa moshi wa dizeli kinaingizwa kwenye bomba, mafuta yanakanyagwa gari likiwa limesimama, namba inatoka. Cha petroli kinasoma gesi. Namba haina ndugu.

Ningependa utaratibu uwe hivi. Kupima kuanzie kwenye vyombo vinavyobeba watu na mizigo kwa malipo, yaani daladala, malori na mabasi ya mikoani, kwa sababu ndivyo vinavyozunguka kutwa. Magari ya binafsi yasubiri. Anayeshindwa mara ya kwanza apewe siku 30 za kutengeneza, bila faini, pamoja na karatasi inayomwambia fundi ubovu uko wapi. Akishindwa mara ya pili leseni ya njia isimamishwe hadi apite. Anayepima asiwe yuleyule anayetoza faini. Wakiwa mtu mmoja, kifaa kitageuka mtaji wake. Namba ya kipimo iandikwe kwenye stika kwa herufi ambazo abiria anaweza kuzisoma. Nimewahi kupanda haisi yenye stika mpya ya ukaguzi kioo cha mbele, huku ndani tukikohoa na mama mmoja amemfunika mtoto wake uso kwa kanga.

Kuhusu masega, wanunuzi wa vyuma chakavu waandikishe wamenunua kutoka gari gani na kwa nani. Sheria ndogo ya halmashauri inatosha kuanza.

Udhaifu wa njia hii ni rushwa, nimeugusa tayari, na uchovu. Mwezi wa kwanza kila mtu ana bidii, mwezi wa sita kifaa kiko kabatini kinasubiri betri. Udhaifu mwingine ni kwamba hata magari yote yakipita kipimo, foleni ya Buzuruga itabaki palepale.

Kando kwa kando

| | Mabasi makubwa | Bodaboda za umeme | Ukaguzi wa moshi |
|---|---|---|---|
| Linapunguza nini hasa | Idadi ya magari, foleni, masizi | Gesi za petroli, kelele, gharama ya dereva | Masizi meusi na gesi za magari mabovu |
| Matokeo yanaonekana | Miaka. Kwa njia za rangi, miezi | Polepole, pikipiki zinavyoisha na kubadilishwa | Miezi michache |
| Nani anabeba gharama | Serikali na wawekezaji | Dereva au kikundi, kwa mkopo | Mwenye gari, kwa matengenezo |
| Kalamu iko kwa nani | LATRA, TANROADS na TARURA (wakala wa barabara), halmashauri | Halmashauri kwa mikopo, Hazina kwa kodi | Polisi, NEMC (usimamizi wa mazingira), LATRA, halmashauri |
| Linakwamia wapi | Ardhi, wamiliki wa haisi | Betri na vituo | Rushwa na kuzoea |

Kuna njia mbili ambazo sikuziweka kwenye jedwali kwa makusudi. Ya kwanza ni gesi asilia. Delhi, kule India, walihamisha mabasi yao kwenda gesi kwa amri ya Mahakama ya Juu, wakamaliza mwaka 2002, na Dar wana gesi ya Songo Songo na Mnazi Bay inayowafikia kwa bomba. Bomba hilo haliji Mwanza. Kuileta gesi kwa malori ya dizeli zaidi ya kilomita 1,000 ni kujizungusha bure. Ya pili ni kuzuia magari ya zamani kuingia nchini. Kenya hawapokei gari lililozidi miaka 8, Uganda wameweka ukomo wa miaka 15, sisi tunatoza ushuru wa uchakavu gari likifikisha miaka 8 na kuuongeza likizidi 10. Ni mjadala wa kitaifa na una uzito wake, ila diwani wa Mabatini hana kalamu hiyo.

Na miguu? Watu wengi wa mji huu wanatembea. Njia ya miguu yenye kivuli, isiyogeuzwa meza ya biashara, inapunguza moshi kwa namna ya bei rahisi kuliko zote, na barabara za mawe zilizojengwa milimani zimetuonesha kwamba mawe yetu yanaweza kumaliza vumbi na kutoa ajira kwa vijana wa palepale. Hili lisisubiri kushindanishwa na jingine. Liingie kwenye kila mradi wa TARURA kama chumvi.

Watu wa Kirumba wataniuliza kuhusu mitumbwi. Injini nyingi za mitumbwi ni za mipigo miwili, zile za kuchanganya petroli na oili. Sehemu ya mafuta yake, hata kufikia robo, hutoka bila kuungua, ikaenda hewani na majini, kwenye maji tunayokunywa na kuvulia dagaa. Injini za mipigo minne zipo, ni nzito na ghali zaidi, lakini zinakula kidogo. Vikundi vya wavuvi vinastahili mikopo ileile ya asilimia 10 kwa ajili hiyo. Sikuziweka kwenye ushindani kwa sababu hazipiti mbele ya shule.

Ninavyochagua

Kama wewe ni diwani mwenye mwaka mmoja na fedha kidogo, anza na ukaguzi. Hakuna jingine litakalosafisha hewa ya Barabara ya Nyerere kabla ya uchaguzi ujao. Kama uko kwenye meza inayopanga miaka kumi, tenga nafasi ya mabasi leo, hata kama basi lenyewe halijaonekana, kwa sababu kila kibanda cha kudumu kinachoruhusiwa kwenye hifadhi ya barabara kati ya Mabatini na Igoma kesho kitadai fidia. Kama wewe ni mwenyekiti wa kijiwe na kikundi chenu kinaandika maombi ya mkopo, andikeni pikipiki za umeme, msisubiri mji mzima uamue.

Na mzee wangu, ukiniuliza tena jambo moja tu, nasema ukaguzi, kwa sababu ya yale magari machache yanayonifanya nifunge dirisha. Mabasi yafuate, na bodaboda za umeme zikue zenyewe pembeni kwa mikopo iliyopo.

Vifaa vya kupimia viwili vinatosha kuanza: kimoja Buzuruga, kimoja Nyegezi, saa 11 alfajiri, kabla daladala hazijaanza kupakia. Na kabla gari la kwanza halijapimwa, vipima hewa vidogo vya kufunga ukutani viwe vimeshakaa mwezi mzima kando ya Barabara ya Nyerere na kimoja Capripoint, pasipo malori, ili mwaka ukiisha tubishane kwa namba. Shirika la Afya Duniani linataka chembechembe ndogo zisizidi wastani wa mikrogramu 5 kwa mita ya ujazo kwa mwaka. Ukuta wa darasa langu una msumari tayari, na ufunguo ninao mimi.